Bei halisi ya nyumba ya mkopo: namna ya kuipiga hesabu kabla ya kutia saini

Nyumba inayotangazwa Nairobi kwa Sh10,000,000, ukiinunua kwa mkopo wa miaka 20 wenye riba ya asilimia 14, itakula zaidi ya Sh26,000,000 kabla hujabadilisha hata bomba moja. Karibu Sh16,000,000 kati ya hizo ni riba. Si siri na si udanganyifu, kwani hesabu yote imo ndani ya barua ya ofa. Tatizo ni kwamba wanunuzi wengi huuliza swali moja tu, "kwa mwezi nitakatwa ngapi?", na swali hilo ndilo linaloficha bei.

Mwongozo huu unatumia mfano mmoja tangu mwanzo hadi mwisho: nyumba ya Sh10,000,000, malipo ya awali ya asilimia 20 (Sh2,000,000), mkopo wa Sh8,000,000, riba ya asilimia 14 kwa mwaka, miaka 20. Weka namba zako mahali pa hizi. Unachohitaji ni simu yenye Excel au Google Sheets.

Hatua ya 1: Toa namba sita kwenye barua ya ofa

Usianze hesabu yoyote kabla hujazipata kwa maandishi: kiasi cha mkopo, riba, muda, aina ya riba, ada zote za kuanzisha mkopo, na masharti ya kulipa mapema. Afisa wa mikopo akikwambia kwa mdomo kwamba "hiyo haina shida", mwombe akuoneshe ukurasa.

Kwenye aina ya riba kuna mambo mawili tofauti ambayo watu huyachanganya. La kwanza: riba inatozwa juu ya salio linalopungua, au juu ya mkopo wote wa mwanzo hadi siku ya mwisho? Mikopo ya nyumba ya benki kwa kawaida ni ya salio linalopungua. Lakini baadhi ya wakopeshaji na wauzaji wa nyumba kwa awamu hunadi riba isiyopungua, nayo huonekana rahisi. Mkopo wa Sh8,000,000 kwa riba isiyopungua ya asilimia 10 kwa miaka 10 unazaa riba ya Sh8,000,000 kamili, na rejesho la Sh133,333 kwa mwezi. Ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua, hiyo "asilimia 10" ni karibu asilimia 16. Usilinganishe ofa mbili kabla hujazileta kwenye kipimo kimoja.

La pili: riba ni ya kudumu au inabadilika? Kama inabadilika, inafuata kipimo gani? Kwa mikopo mipya ya shilingi nchini Kenya, kuanzia Desemba 2025 kipimo ni KESONIA, yaani wastani wa riba ambayo benki hukopeshana kwa usiku mmoja. Juu yake benki huongeza sehemu yake inayoitwa K, inayobeba gharama zake, faida ya wenye hisa na hatari inayokuona nayo wewe. Uliza K yako ni ngapi. KESONIA ni moja kwa kila mtu. Benki hushindana kwenye K, na hapo ndipo unaweza kubembeleza bei.

Hatua ya 2: Piga rejesho na jumla

Andika kwenye seli:

=PMT(14%/12,240,-8000000)

Jibu ni Sh99,482 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 240 upate Sh23,875,600. Toa Sh8,000,000 ulizokopa, na riba ni Sh15,875,600. (Kama programu yako inakataa mkato, tumia nukta mkato, inategemea mpangilio wa lugha kwenye simu.)

Namba ya benki ikizidi yako kwa shilingi mia chache, huenda ni siku za kuanza mkopo katikati ya mwezi. Ikizidi kwa maelfu, kuna kitu kimechomekwa ndani ya rejesho, mara nyingi bima. Uliza.

Hatua ya 3: Tazama miezi ya mwanzo

Omba jedwali la malipo la mkopo wote, mwezi kwa mwezi, au litengeneze mwenyewe. Safu zinatosha tano: mwezi, salio la mwanzo, riba, deni la msingi lililolipwa, salio la mwisho. Riba ya mwezi ni salio mara asilimia 14 gawanya kwa 12. Kinachobaki kwenye rejesho baada ya riba ndicho kinachopunguza deni.

Mwezi wa kwanza unaonekana hivi: umelipa Sh99,482. Riba imechukua Sh93,333. Deni limepungua kwa Sh6,148.

Baada ya miaka 5 utakuwa umelipa karibu Sh5,970,000, na bado unadaiwa Sh7,470,000. Baada ya miaka 10, nusu ya muda, umelipa Sh11,940,000 na salio ni Sh6,407,000. Deni linafika nusu yake, Sh4,000,000, katika mwaka wa 16. Hii ndiyo sababu mtu anayeuza nyumba mwaka wa nne au wa tano hushangaa kuambiwa na benki kwamba karibu deni lote lipo palepale. Hajaibiwa. Alikuwa akilipa riba.

Kwa hiyo, kama kuna uwezekano mkubwa wa kuhama ndani ya miaka mitano, iwe kwa uhamisho wa kazi au mipango ya kwenda ng'ambo, bei ya mkopo kwako si ile ya miaka 20. Ni gharama zote za kuanzia (tutazifikia), pamoja na riba ya miaka mitano, pamoja na gharama za kuuza. Gawanya kwa miezi 60 ulinganishe na pango.

Hatua ya 4: Muda wa mkopo, mahali pesa nyingi hupotelea

Ushauri wa kurefusha muda "ili rejesho lipungue" una mantiki katika nchi ambazo riba ni asilimia 3 au 4. Kwa riba zetu, mantiki hiyo huvunjika. Mkopo uleule wa Sh8,000,000 kwa asilimia 14:

Miaka 10: rejesho Sh124,213, riba yote Sh6,905,600
Miaka 15: rejesho Sh106,539, riba yote Sh11,177,000
Miaka 20: rejesho Sh99,482, riba yote Sh15,875,600
Miaka 25: rejesho Sh96,301, riba yote Sh20,890,300

Soma mistari miwili ya mwisho tena. Kuongeza miaka mitano kutoka 20 hadi 25 kunakupunguzia Sh3,181 kwa mwezi, na kunakuongezea zaidi ya Sh5,000,000 za riba. Kutoka 15 hadi 25 unapumua kwa Sh10,238 kwa mwezi na unalipa Sh9,700,000 zaidi.

Sababu ni kwamba riba peke yake ya mwezi wa kwanza ni Sh93,333. Rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo hata ukopeshwe kwa miaka mia. Kila mwaka unaoongeza unakaribia sakafu hiyo bila kuifikia, huku saa ya riba ikiendelea kuhesabu. Kama mshahara wako haubebi rejesho la miaka 15 au 20, mkopo wa miaka 25 hautakuokoa. Nyumba ni ya bei kubwa mno kwako au malipo ya awali ni madogo. Ukumbuke pia kwamba sheria ya ajira ya Kenya hairuhusu makato yote kwa jumla kuzidi theluthi mbili ya mshahara, kwa hiyo mkopo wa SACCO ulio nao tayari unakula nafasi hiyohiyo.

Kosa jingine la hapa: watu huchukua muda mrefu wakiwaza "nitalipa haraka nikipata". Si wazo baya, ila lifanye kwa mpango ulioandikwa, na baada ya kuhakikisha hakuna faini ya kulipa mapema. Hatua ya 9 inaeleza.

Hatua ya 5: Gharama za mlangoni

Hizi hulipwa kabla hujapewa funguo, na benki nyingi hazizikopeshi.

Ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki ni asilimia 4 ya thamani mijini na asilimia 2 vijijini. Kwa mfano wetu ni Sh400,000. Thamani inayotumika ni ile ya mthamini wa serikali, si lazima iwe bei mliyoandikiana na muuzaji; akiiona nyumba ina thamani kubwa zaidi, ushuru unapanda. Anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa nyumba za gharama nafuu amesamehewa ushuru huu, kwa hiyo kama unastahili, mwambie wakili wako audai msamaha huo mapema.

Ushuru wa stempu wa kusajili rehani ni asilimia 0.1 ya mkopo: Sh8,000.

Wakili wako, na wakili wa benki. Ndiyo, wawili, na wote unawalipa wewe. Ada zao zina VAT ya asilimia 16 juu yake. Kwenye mfano tuweke Sh174,000 kwa wako na Sh116,000 kwa wa benki, VAT ikiwamo.

Mthamini wa benki, tuseme Sh30,000. Ada ya kuanzisha mkopo, tuseme asilimia 1, Sh80,000. Uliza kama ushuru wa bidhaa umo ndani au utaongezwa juu. Bima ya mwaka wa kwanza, ya maisha ya mkopaji na ya jengo, tuseme Sh52,000.

Jumla: Sh860,000. Ushuru wa stempu umewekwa na sheria. Hayo mengine ni makisio ya kujazia, uyabadilishe kwa nukuu halisi. Ila usiende benki ukiwa na Sh2,000,000 za malipo ya awali peke yake. Unahitaji Sh2,860,000, na kaakiba ka dharura.

Kuna shimo moja zaidi hapa, na limewaangusha wengi. Benki hukopesha asilimia ya kilicho kidogo kati ya bei na uthamini. Mmekubaliana Sh10,000,000, mthamini akasema Sh9,000,000, basi asilimia 80 ni Sh7,200,000 na si Sh8,000,000. Hizo Sh800,000 utazitoa mfukoni, au mauzo yavunjike, na ukiwa umeshatia saini mkataba wa mauzo unaweza kupoteza arubuni. Mwambie wakili aweke kifungu kinachosema mkataba unategemea kupatikana kwa mkopo wa kiasi fulani.

Hatua ya 6: Tafuta riba halisi baada ya ada

Ada za mkopo ni riba iliyovaa nguo nyingine. Chukua zile zinazotokana na mkopo tu: kuanzisha mkopo 80,000, wakili wa benki 116,000, mthamini 30,000, stempu ya rehani 8,000. Jumla Sh234,000. Maana yake umepokea Sh7,766,000, si Sh8,000,000. Ongeza bima kwenye rejesho: 52,000 gawanya kwa 12 ni kama Sh4,333, rejesho linakuwa Sh103,815. Kisha:

=RATE(240,-103815,7766000)*12

Jibu ni karibu asilimia 15.3. Hiyo ndiyo riba ya kulinganishia benki na benki. Benki inayotangaza 13.5 na ada nzito inaweza kuwa ghali kuliko inayotangaza 14 na ada nyepesi. Chama cha benki za Kenya na Benki Kuu wana tovuti ya kulinganisha gharama kamili ya mikopo. Itumie kama pa kuanzia, kisha rudia hesabu kwa nukuu yako.

Kwenye ulinganisho huo usisahau mikopo inayopata fedha kutoka KMRC, kampuni inayozikopesha benki na SACCO ili nazo zikopeshe wanunuzi wa nyumba. KMRC haikukopeshi wewe moja kwa moja. Unaomba kwa benki au SACCO mshirika, na kuna ukomo wa mkopo. Tofauti ni kubwa: kwa asilimia 9.5, mkopo wetu wa miaka 20 una rejesho la Sh74,570 na riba yote ya Sh9,897,000. Pungufu ya karibu Sh6,000,000. Kama kipato chako na bei ya nyumba vinaingia kwenye ukomo, anzia huko.

Kwa anayekopa benki ya Kiislamu: huna riba, una faida ya benki, lakini shilingi zinazotoka mfukoni huhesabika vilevile. Omba jumla ya malipo yote hadi umiliki uwe wako kamili. Uliza pia kinachotokea ukitaka kumaliza mapema, kwa sababu kwenye murabaha, ambapo benki hununua nyumba na kukuuzia kwa bei iliyoongezwa faida, bei ya mwisho imeshafungwa na punguzo si haki yako ya moja kwa moja.

Hatua ya 7: Jaribu riba ikipanda

Kiwango cha riba cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 7 hadi Mei 2022. Februari 2024 kilikuwa asilimia 13. Miaka miwili haikuwa imetimia. Mkopo wa miaka 20 utapita kwenye misimu kama hiyo zaidi ya mara moja.

Turudi kwenye jedwali. Mwisho wa mwaka wa kwanza salio ni Sh7,921,300. Riba ipande kutoka 14 hadi 15, pointi moja tu, na benki iache rejesho lilelile la Sh99,482. Riba ya mwezi sasa ni Sh99,016. Deni linapungua kwa Sh466. Miaka 19 iliyobaki imekuwa 36.

Ipande hadi 17, na riba ya mwezi ni Sh112,218. Rejesho la zamani halitoshi hata kulipa riba, na deni linakua kila mwezi ingawa hujachelewa hata siku moja. Kwa mfano huu, mpaka uko kwenye asilimia 15.07, zaidi ya hapo unarudi nyuma. Benki ikiamua kubadilisha rejesho badala ya muda, kwa asilimia 17 utalipa Sh116,951, ongezeko la Sh17,469 kwa mwezi.

Basi fanya mambo matatu. Kabla ya kusaini, piga PMT kwa riba iliyo juu kwa pointi 3 na uone kama mshahara unabeba. Waulize benki kwa maandishi: riba ikipanda, mnaongeza rejesho au mnarefusha muda? Na ukiletewa notisi ya kupanda kwa riba (Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka uarifiwe kwa maandishi angalau siku 30 kabla), usiiache kwenye droo. Omba jedwali jipya siku hiyohiyo. Kama muda umerefushwa kimyakimya, omba rejesho lipandishwe mpaka muda urudi ulipokuwa. Inauma, lakini ni nafuu kuliko kulipa hadi uzeeni.

Na riba ikishuka? Angalia kama ya kwako imeshuka. Zikipanda, barua hufika haraka.

Hatua ya 8: Gharama za kukaa, na nafuu ya kodi

Ada za kaunti za ardhi, pango la ardhi kama hati ni ya ukodishaji, ada ya huduma kama ni fleti, bima ya kila mwaka, ukarabati. Kwa fleti yenye ada ya huduma ya Sh8,000 kwa mwezi, miaka 20 ni Sh1,920,000 hata kama haitapanda, na itapanda. Omba hesabu za miaka miwili ya chama cha wenye nyumba kabla ya kununua. Lifti mbovu na wenzako wasiolipa ni deni lako la kesho. Kwa ukarabati, tenga asilimia 1 ya thamani kwa mwaka, Sh100,000 hapa, na usiishangae miaka ambayo haitumiki. Paa huzidai zote kwa mkupuo.

Upande wa pili wa daftari kuna nafuu ya kodi. Anayeishi kwenye nyumba aliyoinunua kwa mkopo wa taasisi inayotambuliwa anaruhusiwa kuondoa riba hadi Sh360,000 kwa mwaka kwenye kipato kinachotozwa kodi, kiwango kilichopanda kutoka Sh300,000 mwishoni mwa 2024. Angalia vizuri: hiyo haipunguzi kodi kwa Sh30,000 kwa mwezi. Inapunguza kipato kinachotozwa. Kwa anayelipa kodi ya asilimia 30, akiba ni Sh9,000 kwa mwezi, Sh108,000 kwa mwaka. Ni kwa nyumba moja tu. Peleka cheti cha riba kutoka benki kwa mwajiri, kisha hakikisha kiasi kinaonekana kwenye fomu ya P9 (muhtasari wa mwaka wa mshahara na kodi anaokupa mwajiri) na kwenye marejesho ya KRA, mamlaka ya kodi. Wengi hawadai, miaka kwa miaka.

Mkenya aliye Doha au Dallas asiye na mshahara wa Kenya hana kodi ya kupunguza hapa, na ana hesabu nyingine: sarafu. Mwanzoni mwa 2024 dola moja ilikuwa karibu Sh160. Kufikia katikati ya mwaka huohuo ilikuwa karibu Sh129. Rejesho la Sh99,482 lilitoka dola 622 hadi 771 bila benki kugusa chochote. Pima mkopo kwa kiwango kibaya cha kubadilisha fedha, si kizuri.

Kwa aliye Tanzania fomula zote za juu zinafanya kazi vilevile. Badilisha riba, ushuru na ada, na uongeze kodi ya majengo inayokatwa kupitia LUKU.

Hatua ya 9: Kulipa ziada, na lini

Hapa ndipo riba kubwa inapogeuka kukusaidia. Kila shilingi ya ziada inayoingia kwenye deni la msingi ni sawa na kuwekeza kwa asilimia 14 bila hatari, na ni vigumu kupata mahali pengine panapotoa hivyo.

Ukiongeza Sh10,000 kila mwezi tangu mwanzo:

=NPER(14%/12,-109482,8000000)

Miezi 165. Mkopo wa miaka 20 umeisha kwa miaka 13 na miezi 9, na umeepuka takriban Sh5,800,000.

Au mkupuo. Sh500,000 zikiingia mwisho wa mwaka wa kwanza zinafuta miezi 52 ya mwisho, na akiba halisi baada ya kutoa hizo 500,000 zenyewe ni karibu Sh4,660,000. Kiasi kilekile kikiingia mwisho wa mwaka wa 10 kinafuta miezi 18 na kuokoa karibu Sh1,320,000. Kwa hiyo bonasi, gawio la SACCO na malimbikizo ya mshahara ya miaka mitatu ya kwanza yana kazi kubwa kuliko ya baadaye. Ila usiishe mfukoni kabisa: weka kwanza akiba ya marejesho matatu hadi sita.

Linaloharibika hapa ni utaratibu. Pesa ukizituma bila maelezo, benki inaweza kuziacha kwenye akaunti zikisubiri rejesho lijalo, au kuzihesabu kama marejesho ya miezi ijayo, na deni la msingi lisiguswe. Au wanapunguza rejesho badala ya muda. Andika barua pepe kila mara: "Kiasi hiki kipunguze deni la msingi, rejesho libaki lilivyo, muda upungue." Kisha mwezi unaofuata angalia kama salio limeshuka kwa kiasi kamili.

Hatua ya 10: Linganisha kwa haki

Jumla ya Sh23,875,600 inatisha kuliko inavyostahili, kwa sababu shilingi ya mwaka wa 20 si ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa wastani wa asilimia 5, marejesho yote yana thamani ya leo ya karibu Sh15,070,000. Bado ni karibu mara mbili ya ulichokopa. Na faraja hiyo ina sharti: kipato chako kipande na bei. Mshahara uliokwama haufaidiki na mfumuko wowote.

Ulinganisho na pango ufanywe kwa nyumba ya aina ileile mtaa uleule. Kama inapangishwa Sh45,000, basi mwezi wa kwanza unalipa Sh93,333 za riba ambazo hazirudi, ili usilipe Sh45,000 za pango ambazo nazo hazirudi. Kauli ya kwamba "pango ni kutupa pesa" haijitoshelezi. Kinachoweza kuuokoa ununuzi ni kupanda kwa thamani ya nyumba, kupanda kwa pango miaka ijayo, na wewe kukaa hapo muda mrefu. Kwa pengo kubwa kama hili, mara nyingi ni bora kupanga miaka mitatu zaidi na kukuza malipo ya awali. Kila Sh1,000,000 usiyoikopa kwa masharti ya mfano huu inakupunguzia riba ya karibu Sh1,984,000.

Hatua ya 11: Jua bei ya kukwama

Ukichelewa kwa mwezi mmoja, benki inaweza kukupa notisi ya siku 90 ya kurekebisha. Usipofanya hivyo, hufuata notisi ya kuuza ya siku 40, uthamini mpya, na dalali. Mali ikiuzwa kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, sheria inaanza na dhana kwamba benki haikutimiza wajibu wake wa kutafuta bei nzuri, ingawa inaweza kujitetea. Ada za mawakili, mthamini na dalali zinarudi kwenye deni lako, pamoja na riba ya adhabu.

Kuna kanuni kwenye Sheria ya Benki, kifungu cha 44A, inayozuia riba inayodaiwa kuzidi deni la msingi lililokuwapo siku mkopo ulipohesabiwa kuwa mbovu. Watu huielewa vibaya. Haimlindi anayelipa vizuri: kwenye mfano wetu mlipaji mwaminifu analipa riba karibu mara mbili ya mkopo, na ni halali. Inafanya kazi kwa mkopo ulioanguka tu.

Ukiona mwezi ujao hautafika, nenda benki kabla ya kuchelewa, siyo baada. Mkopo ambao haujaharibika una nafasi ya kupangwa upya au kuhamishiwa benki nyingine. Ulioingia CRB, yaani rekodi za wadaiwa ambazo wakopeshaji wote huziangalia, nafasi hiyo ni finyu. Kama nyumba ni ya familia, benki haiwezi kuishika bila ridhaa ya mwenzi, kwa hiyo mwenzi naye asome ukurasa wa riba kabla ya kusaini. Na kuuza mwenyewe kwa ridhaa ya benki karibu kila mara kunaacha pesa nyingi mkononi kuliko mnada.

Hatua ya 12: Rejesho la mwisho si mwisho

Salio likifika sifuri, rehani bado imeandikwa kwenye hati. Omba barua ya kumaliza deni, hati ya kuondoa rehani iliyosainiwa na benki, na hati miliki yako. Kisha wakili aisajili hati hiyo ya kuondoa rehani kwenye usajili wa ardhi. Ada yake ni yako, itenge mwaka wa mwisho. Baada ya usajili fanya utafutaji rasmi wa ardhi uone kwamba jina la benki limetoka, futa agizo la makato ya kila mwezi kwenye akaunti, na iambie bima nani sasa anapaswa kulipwa nyumba ikiungua, kwa sababu kwenye mkataba wa zamani ni benki.